Mstari wa Usukani

Mwanamke mwingine humjua mpenzi wake kwa kumtazama machoni. Mkasi alimjua wa kwake kwa kumrudisha nyuma.

Ndiyo kazi yake. Anaandika maneno, waigizaji wanayasema mbele ya kamera, kisha vyote vilivyopigwa vinarudi kwake kwenye chumba cha kuhariria. Hapo anavaa hedifoni, anavuta kiti, anaanza kuwachambua watu kama mchele. Aliyepiga chafya anakatwa. Aliyetazama kamera kama anadaiwa na kamera, anakatwa. Aliyesahau maneno akaanza kutabasamu ovyo, huyo anarudishwa nyuma, anachekwa kidogo, halafu anakatwa. Ndiyo maana watu wa kazini walimbandika jina la Mkasi, ingawa mkasi wenyewe wa chuma hajui hata aliuacha wapi. Anakata kwa kidole kimoja, juu ya kipanya cha kompyuta.

Kwa wiki kadhaa sasa alikuwa anamkata mwanaume anayempenda.

Mwanaume huyo mtaani walimwita Staa, na kwa bahati mbaya alikuwa ameanza kuliamini jina. Mrefu, sauti nzito, kidevu kimekaa kama kimeagizwa. Watu wengine walimwona akiwa amekamilika, na muziki chini yake. Mkasi alimwona mbichi. Alijua bega lipi linapanda akidanganya. Alijua kwamba kabla ya kila mstari mrefu huvuta pumzi ndogo puani, kama mtu anayenusa chungu cha jirani. Alimpenda hivyohivyo, na makosa yake yote kwenye kompyuta.

Jumamosi ile, mchana kweupe, alikuwa ameketi sebuleni kwa mama yake Staa, akiwa amevaa viatu alivyoazima kwa dada anayewapaka waigizaji poda. Vilikuwa vinambana kama vina kisasi naye. Kochi alilokalishwa lilikuwa bado na nailoni yake ya dukani, na kila alipohema lililia.

"Jisikie nyumbani," mama yake Staa akasema. Alikuwa mwanamke mwenye sauti ya upole na macho yasiyo na upole wowote.

"Ahsante, mama."

Kochi likalia tena.

Upande wa pili alikaa Shangazi, mdogo wake marehemu baba yake Staa, mnene, mcheshi, biskuti mbili mkononi kwa mpigo. Na kwenye kiti kikubwa, kile ambacho baba mwenye nyumba alikiacha alipotangulia, alikaa Mjomba. Mjomba alikuwa na ofisi ya bima na kalamu tatu mfukoni mwa shati, na alizungumza na kila mtu kana kwamba anakaribia kumpa fomu ya kujaza.

Staa mwenyewe alikaa karibu na dirisha, mwanga ukimpiga upande wa kushoto. Ule ndio upande wake mzuri, na alikuwa amekwenda kuukalia bila hata kujua.

"Haya, mwanangu," mama akaanza. "Kijana anasema mnafanya kazi pamoja. Na wewe unaigiza?"

"Hapana, mama. Naandika filamu. Halafu zikishapigwa, nazihariri."

"Unaandika nini hasa?"

"Yale wanayosema."

Mama akamgeukia mwanawe, akamrudia Mkasi. "Si anasema mwenyewe?"

Staa akakohoa, akaona chai yake inavutia sana.

"Yule anaongea bwana," Shangazi akadakia. "Ile filamu ya mwaka jana, pale anapomwambia yule msichana, 'Usinisubiri getini, nisubiri uzeeni.' Nililia mpaka sufuria ikaungua."

"Ni mimi hiyo," Mkasi akasema.

Shangazi akamkagua kutoka nywele hadi viatu vya kuazima. "Wewe ndiye yule msichana? Mbona yule alikuwa mweupe?"

"Hapana, shangazi. Mimi ndiye niliyeandika maneno hayo."

"Aa." Shangazi hakuficha kuwa ameangushwa. Akala biskuti ya kujipoza. "Basi pole."

Mkasi akacheka ndani kwa ndani, maana alishazoea. Alianzia kwenye banda la video za harusi, kazi yake kuwaondoa wajomba waliokuwa wamelewa na mashangazi waliosimama mbele ya kamera wakati pete inavishwa. Huko ndiko alikojifunza kwamba harusi yoyote, hata ile ya ngumi, ikikatwa vizuri inapendeza. Filamu yake ya kwanza aliiandika yeye, jina likatoka la dairekta. Ya pili jina lake lilitoka mwishoni, dogo, likipita mbio kama linakimbia polisi. Kwa hii ya tatu alikuwa amekaza shingo. Alikataa kuanza mpaka iandikwe kwenye mkataba: imeandikwa na kuhaririwa na yeye, jina zima, mwanzoni kabisa, kabla hata ya uso wa Staa. Ilibaki wiki moja tu aikabidhi.

"Sasa tuingie kwenye lililotukutanisha," Mjomba akasema, akichomoa kalamu bila sababu. "Binti, mimi nimeshaongea na kijana. Pale ofisini kwangu kuna nafasi ya mapokezi. Meza nzuri, feni juu, kiti kinazunguka. Unakaribisha wateja, unapokea simu, saa kumi unarudi nyumbani kwa mumeo. Jumatatu hii unaanza."

Mkasi alisikia maneno mengi, lakini yaliyobaki sikioni yalikuwa yale ya mwanzo. Nimeshaongea na kijana. Akamtazama kijana. Kijana alikuwa anachunguza kishikio cha kikombe kama mtu aliyeahidiwa kupewa mtihani juu yake.

"Nashukuru sana, mjomba," akasema polepole. "Lakini nina kazi."

"Ile si kazi, ile ni shughuli. Kazi ina saa ya kufunga."

"Mjomba, mbona kijana wenu naye hana saa ya kufunga?"

"Huyo anaonekana," mama akaingilia. "Nikienda sokoni nasalimiwa mimi kwa ajili yake. Wewe mwanangu sisi tutakuona wapi? Nimesikia mnajifungia kwenye chumba, mapazia yamefungwa, wewe na wanaume wawili, kutwa nzima. Nitawaeleza nini watu?"

"Mama, mmoja muda mwingi amelala. Wa pili ni fundi sauti, huyo haongei na mtu, anaongea na nyaya."

Shangazi akacheka, biskuti ikampalia. Mama hakucheka.

"Mimi si mtu mbaya," mama akasema, na sauti ikashuka. "Nimelea mtoto peke yangu na cherehani. Najua kuamka hujui kesho kuna nini. Sasa wawili wote mnakwenda kwenye sinema. Siku ikikosekana sinema, mtakula picha? Mmoja wenu akae mahali panapoeleweka. Huyu ameshajulikana, hawezi kuacha. Basi wewe uache, uolewe kwa heshima, tukupokee kwa mikono miwili. Ukiona huwezi, tuambie leo, tusipotezeane muda."

Ikawa imesemwa: kazi au mume, chagua, chai iko mezani.

Mkasi akamtazama Staa. Hakuomba mengi. Alitaka aseme neno moja tu, hata kwa kigugumizi.

Na Staa akasimama.

Akasimama vizuri, ndiyo shida yake. Akaweka kikombe mezani bila kutoa mlio. Akavuka zulia, akasimama katikati ya mama na mpenzi wake, akainamisha kichwa kidogo, akakiinua.

"Mama," akasema kwa ile sauti. "Mlinifundisha kutembea. Hamkunichagulia njia."

Moyo wa Mkasi ukaruka. Wa kwanza kuruka ulikuwa moyo wa mwanamke. Mara tu baada yake ukaruka moyo wa mwandishi, na huo uliruka vibaya, maana maneno yale aliyajua. Aliyaandika yeye, kwenye ngazi ya nyuma ya studio, mvua ikinyesha, akiwa na kalamu inayovuja.

"Huyu sikumwokota," Staa akaendelea. "Sikudanganywa. Sikulogwa. Nilimtafuta mpaka nikampata, na nilipompata nikajua kwa nini wengine wote walinichosha."

Ilikuwa sini ya sebuleni, kipande kizima cha ile filamu ya tatu. Kijana anasimama mbele ya baba yake kumtetea mchumba wake, dereva wa lori. Mkasi alikuwa ameihariri kwa siku nyingi kuliko sini nyingine yoyote, kwa sababu Staa aliipiga kwa kurudiarudia mpaka mwenye taa akaomba ruhusa ya kwenda kula. Sasa ile sini ilikuwa inachezwa upya mbele ya macho yake, bure, kwenye sebule ya kweli. Hata mkono uliwekwa kifuani. Ule mkono aliukata kwenye filamu kwa kuwa ulizidi. Ukarudi.

Shangazi alikuwa ameweka biskuti chini, jambo ambalo familia hiyo haikuwahi kuliona.

Staa akavuta ile pumzi yake ndogo puani. Mkasi akaijua. Ni pumzi ya kabla ya mstari mrefu, mstari wa usukani. Akausubiri, na hasira zote alizokuwa nazo, akausubiri kwa hamu.

"Mkimfungia mlango huyu," Staa akasema, "hesabuni na mimi niko nje."

Akanyamaza. Kwisha.

Pumzi ilikuwa imevutwa, na mstari wake haukuja.

Mama alikuwa na maji machoni. Shangazi alipiga makofi, akakumbuka yuko wapi, akajifanya anapangusa makombo. Mjomba akarudisha kalamu mfukoni.

"Amesema kiume," Mjomba akasema. "Nani wa kumfungia mlango? Mlango uko wazi. Mke ni wake, sisi ni baraka tu, na Jumatatu binti anaanza kazi. Yamekwisha."

"Yamekwisha," mama akasema, akijifuta. "Njoo hapa, mwanangu. Kumbe anakupenda hivi."

Hapo ndipo Mkasi alipoona jinsi maneno yale yalivyokatwa kwa ustadi. Ukiuondoa mstari mmoja, kila mtu sebuleni anaondoka na alichokitaka. Mama kapata mkwe wa mapokezi. Mjomba kapata mtu wa kukalia kile kiti. Staa kapata makofi. Hata yeye mwenyewe, kama angekuwa mwanamke mwingine, angepiga magoti na kulia kwa furaha.

"Umeruka mstari," akasema.

Staa akageuka. "Nini?"

"Kabla ya 'mkimfungia mlango.' Kuna mstari pale."

"Mstari gani tena?" mama akauliza.

"Mama, samahani, sina nia ya kuharibu." Mkasi akasimama, kochi likalia kwa mara ya mwisho. "Maneno haya ni ya filamu. Niliyaandika mimi. Sina ugomvi na hilo, anayo ruhusa, anayasema vizuri kuliko mimi. Lakini hayako hivyo. Yako hivi: 'Nilimkuta na usukani wake mkononi, na mkono huo siutaki mtupu. Anayemtaka bila usukani, anamtaka mtu mwingine.' Ndipo inakuja mkimfungia mlango."

Mjomba akakunja uso. "Usukani upi? Kwani una leseni?"

"Kwenye filamu, mjomba. Yule dada anaendesha lori."

"Sasa wewe huendeshi lori," Staa akasema upesi, kwa sauti yake ya nyumbani, ile isiyo nzito. "Ndiyo maana nikauacha. Haukuhusu hapa."

"Haukuhusu?"

"Usukani, mpenzi. Wangenielewaje?"

"Kwenye skripti imeandikwa 'Baba.' Leo umesema 'Mama.' Kubadilisha hapo uliweza."

Staa akafungua mdomo. Bega la kulia likapanda.

"Usinidanganye," Mkasi akasema. "Bega hilo."

Likashuka.

"Ungesema, 'Nilimkuta na kalamu yake.' Ungesema, 'Nilimkuta na kompyuta yake.' Ungesema hata nilimkuta na shughuli yake, mjomba angefurahi. Nafasi ilikuwepo, pumzi uliivuta, nimeisikia. Umeukata kwa kukusudia, maana huo ndio uliokuwa unanihusu."

"Ngoja kwanza," Shangazi akasema, akinyoosha mkono kama yuko darasani. "Kwa hiyo ile ya nisubiri uzeeni na yenyewe..."

"Na yenyewe, shangazi."

"Na ile ya kwenye ukumbi wa hospitali? 'Dokta, mtibu yeye, mimi nitapona nikimwona'?"

"Ndiyo."

Shangazi akamgeukia mpwa wake taratibu, kwa uso wa mtu aliyegundua kuwa dawa aliyokuwa anasifia ni maji. "Sasa wewe huwa unafanya nini?"

"Mama," Mkasi akasema kabla hajajibiwa. "Umeniuliza mtaniona wapi. Nakuheshimu, kwa hiyo nakujibu bila kuzunguka. Hayo uliyoyalilia sasa hivi ndiyo mimi. Pale sokoni wanapokusalimia, wanakusalimia kwa uso wake na maneno yangu. Siombi mnipigie makofi. Ila siwezi kuolewa na mtu anayetumia maneno yangu kunifukuza kazi yangu. Jumatatu nitakuwa studio. Kwaherini."

Akatoka. Mlangoni alivua vile viatu, akavishika mkononi, akavuka ua akiwa peku. Mtu ana haki ya kuondoka kwa hasira bila kuchechemea.

Staa alimkuta nje ya geti, amekaa juu ya tofali, anajipangusa vumbi la unyayo.

"Umeniaibisha," akamwambia.

"Pole. Ningekuandikia namna ya kulisema hilo, lakini nimechoka."

"Usiwe hivyo."

"Uliongea na mjomba wako lini?"

Akakuna shingo. "Wiki iliyopita. Alinipigia. Nikasema... nikasema utakuja, nitakushawishi. Nilitaka tupite kwanza, tuoane, halafu tungeona."

"Tungeona nini? Na filamu ingemaliziwa na nani?"

"Wahariri wapo."

Pale Staa akajua amekosea. Mkasi alimwangalia kwa jicho lile analomwangalia nalo mtu kwenye kompyuta kabla kidole hakijashuka. Staa akaketi chini, vumbini, na suruali yake iliyopigwa pasi.

"Nikwambie ukweli?" akasema.

"Jaribu."

"Naogopa." Akaokota kijiwe, akakitupa. "Nikiongea na wewe nasikia unanihariri. Sasa hivi hapa unanihariri. Kila mwanaume ana mke anayemwona anaingia mlangoni amenyooka. Mimi wangu ananijua nimekosea mara ngapi, ameniweka kwenye mafaili. Nikasema moyoni, labda akikaa kwa Mjomba, akapokea simu, baada ya mwaka atasahau. Atanitazama kama wanavyonitazama wengine." Akasita. "Na tena bila wewe sina maneno. Umeona mwenyewe. Mama yangu mzazi, nimemwendea na sini."

Ulikuwa mstari mbovu. Umejaa mashimo, umerudi nyuma, umekwenda pembeni. Na bega halikupanda hata kidogo.

Mkasi alihisi kitu kinalegea kifuani, akakikaza tena kidogo, kisilegee chote.

"Sikiliza wewe mwenye kidevu," akasema. "Hao wengine wameona mara moja tu, ile nzuri niliyowachagulia. Wanakupenda kwa dakika mbili za kazi yangu. Mimi nimeona zote. Nimekuona umesahau jina la mchumba wako wa kwenye filamu ukamwita kwa jina la mbwa wa dairekta. Nimekuona unalia chozi la machoni na kamasi likatangulia. Nimekaa na hayo kutwa, wiki baada ya wiki. Halafu leo nimeazima viatu, nimekuja kwa mama yako. Huoni?"

Staa alikuwa anamtazama, mdomo wazi kidogo, upande wa kulia, upande wake mbaya, mwanga wote ukimpiga hapo.

"Naona," akasema.

"Basi rudi ndani. Mimi siingii. Kasahihishe ulichokiharibu, na usitumie neno langu hata moja. Hata 'mlango' usiseme."

"Hata mlango?"

"Tafuta lako."

Alirudi ndani kama mtu anayekwenda kung'olewa jino. Dirisha la sebule lilikuwa wazi, na mtu aliyezoea kusikiliza kwa kulipwa hawezi kuziba masikio siku ya mapumziko.

"Mama," Staa akasikika. "Mama, mimi... Mjomba pia. Ile meza. Ile meza mpe mtu mwingine."

"Nani kakutuma?" Mjomba akauliza.

"Hakuna. Yaani yeye kanituma, lakini... subirini." Kikombe kikaanguka mahali. "Nilisema uongo. Nilimwambia Mjomba atakuja, sikumuuliza. Kazi haachi. Sitaki aache. Wiki iliyopita nilitaka, sasa sitaki. Akiacha na mimi naacha, nitarudi kukaa hapa, mnilishe, tena nakula sana. Mama unajua."

Shangazi akacheka kwa kwikwi.

"Na watu nitawaambia mkwe wangu anafanya nini?" mama akauliza.

"Waambie anaandika."

"Anaandika nini?"

Nje, Mkasi alikuwa amebana kiatu kifuani.

"Mimi," Staa akasema. "Kila kinachokupendeza kwangu, mama. Kasoro leo. Leo ni mimi mwenyewe, ndiyo maana ni kibaya hivi."

Hakuna aliyepiga makofi. Mjomba alisema kitu kuhusu vijana wa siku hizi, akasema kiti kile kinachozunguka kilimgharimu. Kisha nyayo zikaja, na kichwa cha mama kikatokea dirishani. Akamtazama binti aliyekaa kwenye tofali, peku, viatu mkononi. Walitazamana kwa muda. Hakuna aliyeinamisha macho.

"Wewe," mama akaita. "Rudi ndani, chai inapoa."

"Ahsante, mama. Leo siwezi. Kuna sini sijaimaliza."

"Jumamosi hii?"

"Jumamosi hii, mama."

Mama akavuta midomo. "Sijakubali, usije ukadhani. Bado nina maneno."

"Nitakuja kuyasikiliza nikishakabidhi filamu."

"Utakuja na viatu vyako?"

"Na viatu vyangu."

Mama akatikisa kichwa, na kama kulikuwa na tabasamu, lilikatwa kabla halijafika mbele. Akageuka ndani, na sauti yake ikasikika mpaka barabarani.

"Na wewe umesimama hapo unangoja nini, uandikiwe? Msindikize mwenzio."